Robert Johnson na Albamu Ambayo Hakuitengeneza

Robert Johnson, mpiga gitaa wa Mississippi anayeitwa mfalme wa bluzi, hakuwahi kutoa albamu. Alipofariki tarehe 16 Agosti 1938, akiwa na miaka 27 tu, aliacha santuri za nyimbo mbili mbili, mmoja kila upande, zilizolengwa kwa wanunuzi weusi wa Marekani. Albamu tunayoisifia leo, King of the Delta Blues Singers, ilitoka 1961. Mwenyewe alikuwa kaburini miaka 23. Kwangu mimi, habari yote iko hapo.

Kazi yenyewe ilifanyika kwa siku chache sana: Novemba 1936 katika hoteli moja mjini San Antonio, kisha Juni 1937 mjini Dallas. Nyimbo 29 kwa jumla. Hakuna bendi wala ngoma. Ni mtu na gitaa lake. Kidole gumba kinashika besi, vingine vinajibu sauti yake, hadi unajiuliza wako wangapi mle ndani. Terraplane Blues ndiyo iliyouzika vizuri kidogo. Mwishoni mwa 1938 John Hammond alimtafuta aje kupiga katika ukumbi wa Carnegie Hall, New York, akaambiwa ameshakufa. Basi jukwaani zikapigwa santuri zake badala yake.

Sasa tuje 1961. Kampuni ya Columbia ilichagua nyimbo 16, na Frank Driggs akapewa kazi ya kuziandalia albamu na kuandika maelezo ya jalada. Aandike nini? Picha ya Johnson haikujulikana ilipo, ndiyo maana jaladani kuna mchoro wa mtu anayeonekana kutoka juu, kainamia gitaa, hana sura. Habari za maisha yake nazo zilitoka zaidi kwa Don Law, aliyesimamia kurekodi. Law alimkumbuka kama kijana mwenye haya, wa miaka 17 au 18 hivi, aliyegeukia ukuta alipoombwa kuwapigia wanamuziki wengine. Kumbe kijana huyo alikuwa na miaka 25. Na kuhusu ukuta, wapo wapiga gitaa wanaosema alikuwa anatafuta mwangwi wa kona. Haya au ufundi? Jalada lilichagua haya.

Mauzo ya mwanzo hayakuwa makubwa, lakini santuri iliangukia mikononi mwa watu waliokuja kuwa wakubwa. Hammond alimpa Bob Dylan nakala kabla haijafika madukani. Vijana wa Uingereza nao wakaidaka: Cream wakarekodi Crossroads 1968, Rolling Stones wakaimba Love in Vain 1969. Na pale maisha ya mtu yalipokosa maelezo, ibilisi akajaza nafasi. Eti Johnson aliuza roho yake usiku kwenye njia panda ili apewe gitaa.

Msomaji wa Kiswahili hahitaji kufundishwa njia panda ni nini. Tunajua ndipo zinapoachwa kafara. Lakini usikilize vizuri huo wimbo wa Cross Road Blues. Ibilisi hayumo. Yumo mtu mweusi anayepiga magoti kumwomba Mungu, anayesimamisha magari na hakuna linalosimama, na jua linazama. Katika Mississippi ya enzi za ubaguzi, usiku kumkuta mtu mweusi barabarani peke yake ilikuwa hofu tosha. Hadithi ya shetani imeifunika hofu hiyo ya kweli.

Imefunika na jasho pia. Mwanamuziki mkongwe Son House alisema alimjua Johnson akiwa mpigaji mbovu, akapotea kidogo, akarudi hodari. Huko alikopotelea alikuwa na mwalimu, Ike Zimmerman, na walikuwa wakifanya mazoezi makaburini usiku, penye utulivu. Johnny Shines, aliyesafiri naye, alieleza kwamba Johnson aliweza kusikia wimbo redioni na kuupiga, hata wa wazungu.

Mwaka 1990 nyimbo zake zote zilitolewa pamoja zikauza zaidi ya nakala milioni moja. Ndipo likaja swali la pesa: ni za nani? Kesi ya mirathi ilifika mahakama ya juu ya Mississippi, na mwaka 2000 ikathibitishwa kwamba mrithi ni Claud Johnson, mwanawe, dereva wa lori la kokoto. Kivuli cha jaladani kumbe kilikuwa na mtoto, tena mtoto aliyekuwa anahangaikia riziki.

Ukimaliza kuisikiliza albamu, tafuta Brother Robert, kitabu cha 2020 cha dada yake wa kambo, Annye Anderson. Humo utamkuta kaka wa nyumbani Memphis, mpenzi wa nyimbo za Jimmie Rodgers. Ilichukua zaidi ya miaka themanini familia kupata nafasi ya kuandika maelezo yake ya jalada.