Kindi wa Kijivu na Binadamu: Kutoka Adui wa Shamba hadi Mgeni wa Bustani, 1749–1958

1.0 Utangulizi

Kindi wa kijivu ni mnyama wa asili wa misitu ya mashariki ya Marekani Kaskazini. Hata hivyo, kwa sasa anaonekana katika bustani za London, Dublin na Cape Town kana kwamba ndiko alikozaliwa. Hakufika huko kwa miguu yake. Alipelekwa na watu, na watu wa jamii hizohizo ndio waliokuja kutunga sheria za kumwangamiza. Insha hii inajadili mabadiliko hayo kwa kufuata vipindi vitatu. Hoja kuu ni kwamba tabia ya kindi haikubadilika sana. Kilichobadilika ni haja za wanadamu, na gharama ya mabadiliko hayo ilibebwa na viumbe wengine.

2.0 Adui wa Mahindi

Katika karne ya 18, walowezi wa Pennsylvania walilima mahindi kandokando ya misitu ya mialoni. Kindi, ambaye chakula chake kikuu ni mbegu za miti hiyo, aliyaona mahindi kuwa chakula kingine kilicho karibu. Serikali ya koloni iliamua kulipa peni 3 kwa kila kichwa cha kindi. Pehr Kalm, mtaalamu wa mimea kutoka Uswidi aliyezuru koloni hilo wakati huo, aliandika kwamba malipo ya mwaka 1749 yalifikia pauni 8,000. Kwa hesabu ya peni 3, hao ni kindi 640,000. Kalm alieleza pia kwamba vijana waliacha kazi nyingine wakaingia msituni kuwinda, hata serikali ikalazimika kupunguza malipo kwa nusu ili kuokoa hazina yake.

Uadui huo haukuwa wa watu wote. Mijini, kindi waliwekwa vizimbani kama wanyama wa kufugwa. Benjamin Franklin alimpelekea familia rafiki ya Uingereza kindi aliyeitwa Mungo, na mwaka 1772 aliandika barua ya rambirambi baada ya mnyama huyo kuuawa na mbwa. Hivyo, mnyama yuleyule alihesabiwa kwa kichwa shambani na kuombolezwa kwa jina sebuleni.

3.0 Mgeni wa Bustani

Mwaka 1847, kindi 3 waliachiliwa katika Franklin Square mjini Philadelphia, wakapewa chakula na visanduku vya kulala. Boston na New Haven zilifuata mfano huo. Jaribio hilo la kwanza halikudumu. Katika miaka ya 1860 palizuka hofu kwamba kindi wangewafukuza ndege waliokula wadudu waharibifu wa miti, nao wakaondolewa.

Awamu ya pili ilifaulu zaidi kwa sababu mazingira yalikuwa yamebadilika. Bustani kubwa zenye miti mingi, kama vile Central Park ya New York, ziliwapa kindi makazi ya kutosha. Waliletwa humo mwaka 1877, na kufikia 1883 walikadiriwa kuwa 1,500. Mwanahistoria Etienne Benson ameonyesha kwamba kuwalisha kindi kulichukuliwa kuwa tendo la kimaadili: mtoto aliyempa mnyama karanga alidhaniwa kujifunza huruma kwa wanyonge. Kindi akawa mwalimu katika miji iliyokuwa ikijitenga na msitu.

4.0 Mgeni Ng'ambo

Mapenzi hayo ya bustani yalivuka bahari. Mwaka 1876, kindi wa kijivu waliachiliwa katika shamba la tajiri mmoja huko Cheshire, Uingereza. Mwaka 1890, wengine 10 walifikishwa Woburn, makao ya Mtawala wa Bedford, na kutoka hapo wakagawiwa sehemu nyingine. Ireland iliwapokea mwaka 1911. Cecil Rhodes aliwapeleka Cape Town, ambako walikuta mialoni iliyopandwa na walowezi wa Ulaya. Mpaka leo, huko Afrika Kusini hawajaenea mbali na miti hiyo ya kigeni: mgeni alimfuata mgeni mwenzake.

Nchini Uingereza hapakuwa na kizuizi cha aina hiyo. Kindi wa kijivu walishindana kwa chakula na kindi wekundu wa asili, na walibeba virusi vya ndui ya kindi ambavyo wao huvihimili lakini huwaua wenzao. Mwaka 1937, serikali ilipiga marufuku kuwaingiza nchini na kuwafuga. Kuanzia 1953 ililipa shilingi 1, baadaye 2, kwa kila mkia. Mpango huo ulikoma 1958 bila kuzuia kuenea kwao.

Ikumbukwe kwamba kindi mwekundu naye hakuwa mpendwa siku zote. Huko Uskoti, chama cha wenye misitu kilichoanzishwa mwaka 1903 kiliwaua zaidi ya 80,000 katika miongo mitatu kwa kosa la kubambua magome ya miti. Thamani yake ilipanda alipoanza kutoweka.

5.0 Hitimisho

Kati ya kichwa cha peni 3 cha 1749 na mkia wa shilingi wa 1953 ilipita miaka mia mbili, lakini njia ilikuwa ileile: kulipia mauaji ya mnyama ambaye wingi wake ulitokana na kazi za watu wenyewe, yaani mashamba yao na bustani zao. Wahenga walisema mgeni njoo, mwenyeji apone. Katika historia hii mgeni aliitwa, lakini mwenyeji hakupona. Wajibu wa jambo hilo hauwezi kutwikwa kindi, kwa kuwa yeye hakuomba safari. Unawahusu waliomwalika bila kuuliza ni nani atakayempisha.