Sinema ya ashiki, na neno "ridhaa"

Karibu na stendi ya Mwanhuzi, wilayani Meatu, kijana anayeingiza nyimbo kwenye memori kadi aliinamiwa na mteja: "Kaka, koneksheni ya jana unayo?" Sote tuliosimama pale tulielewa. Koneksheni ni video ya faragha ya mtu iliyovujishwa, mara nyingi na aliyewahi kumwamini. Kaka zetu walisema mikanda ya X. Mtaa una jina la kilichoibwa. Cha hiari hauna.

Nacho kipo. Erika Lust, mzaliwa wa Stockholm anayefanya kazi Barcelona, alianzisha XConfessions mwaka 2013. Watu wazima humwandikia njozi zao bila kutaja majina, naye huchagua baadhi na kuzitengenezea filamu fupi zenye hadithi, mwanga uliopangwa na waigizaji wanaolipwa. Tuiiteje?

"Ponografia" haifai, kwa kuwa kazi yenyewe hujitenga na ponografia ya kawaida. "Picha chafu" imeshahukumu kabla haijaeleza. Mimi nachukua ashiki, neno letu la zamani lenye asili ya Kiarabu: ni hamu ya mwili na mapenzi kwa pamoja, na washairi wa pwani wamelizoea. Basi ni sinema ya ashiki.

Ugumu uko kwenye sehemu ya pili ya jina, ile ya kueleza namna filamu hizi zinavyotengenezwa. Wengi watakimbilia "ya kimaadili". Lakini mwambie mama yeyote wa Meatu kuna filamu ya kimaadili, atawaita watoto waje kuitazama. Maadili kwetu humlinda mtazamaji na jamii yake. Hapa anayelindwa ni aliye mbele ya kamera. Kwa hiyo nasema sinema ya ashiki ya ridhaa.

Sheria ya Makosa ya Mtandao ya Tanzania ya mwaka 2015, kifungu cha 14, inakataza kuchapisha ponografia mtandaoni, na haiulizi kama waliomo waliridhia. Hata anayeunga mkono katazo hilo analihitaji neno "ridhaa". Bila hilo, binti aliyevujishiwa video huhesabiwa pamoja na mwigizaji aliyesaini mkataba, kisha mtaa mzima humcheka.

Na ridhaa yenyewe tuipime vizuri. Usukumani kulikuwa na chagulaga: vijana walikuwa wakimzunguka msichana njiani na kumwambia achague mmoja wao. Wapo wanaoisifu kwa kuwa mwenye kuchagua ni yeye. Mimi naona pengo: kuchagua aliruhusiwa, kuwakataa wote na kuendelea na safari yake ilikuwa vigumu. Huko ni kuchagua, si kuridhia.

Kwenye sinema ninayoizungumzia, waigizaji hukubaliana kabla ya kazi nini kitafanyika na nini hakitaguswa. Mmoja wao akisema "basi" katikati ya tukio, kamera huzimwa.