Fimbo Tatu za Koitalel na Uchawi wa Minecraft

Mwaka 2006 fimbo tatu za Koitalel arap Samoei, Orkoiyot (kiongozi wa kiroho) wa Wanandi, zilirudi Kenya kutoka Uingereza. Mwana wa Richard Meinertzhagen, ofisa aliyemuua Koitalel, alikubali kuzitoa baada ya familia yake kukaa nazo kwa karne nzima. Tukio kama hilo lilistahili mjadala mkubwa zaidi Nandi, Kericho na Bomet kuliko ule uliopo. Wakati huohuo, kijana wa Kabianga, Kericho, anayecheza Minecraft kwenye simu au kompyuta hukutana na fimbo zenye nguvu za ajabu kila anapoketi kucheza. Zinarusha moto, zinahamisha milima, zinamfufua aliyekufa, na hakuna hata moja iliyotoka kwao. Wapo watakaosema dawa ni nyepesi: chora fimbo ya Koitalel, iingize kwenye mchezo, basi. Hoja ya makala haya ni kwamba haitoshi. Jinsi michezo hii inavyokielewa kifaa chenye nguvu ndivyo serikali ya kikoloni ilivyozielewa fimbo za Talai, ukoo wa Koitalel, na historia ya milima ya Nandi na Kericho inaonyesha kwamba uelewa huo ulikuwa na kasoro.

Upande wa mchezo hauhitaji maelezo mengi. Minecraft ilitoka kwa umma mwaka 2009 mikononi mwa Markus Persson wa Sweden, ikiwa ulimwengu wa matofali ambao mchezaji huujenga atakavyo. Meza ya kutia silaha nguvu za ziada iliongezwa mwaka 2011, na kufikia hapo mashabiki walikwisha kuanza kutunga nyongeza zao wenyewe, yaani modi. Thaumcraft ikaleta fimbo za kichawi na utafiti wa siri za maumbile. Botania ya mwaka 2014 ikayapa maua kazi ya kuzalisha nguvu. Blood Magic ikajenga madhabahu inayojazwa damu. Kinachovutia ni jinsi kifaa chenyewe kinavyoumbwa. Fimbo ya kwenye modi huanza kama picha ndogo ya pikseli 16 kwa 16, nukta 256 tu, na ndani ya nafasi hiyo mchoraji hulazimika kubana kipini, kichwa na mng'ao. Halafu hupewa jina, kanuni ya kuiunda (almasi kadhaa, mti fulani, jiwe fulani) na msimbo unaoeleza itafanya nini kitufe kikibonyezwa. Mwenye fimbo akifa, fimbo huanguka chini na anayepita huiokota. Tangu hapo, karibu katika kila modi, nguvu zote ni za mwokotaji. Fimbo haiulizi yeye ni nani.

Sasa tutazame rungu la Orkoiyot. Alfred Claud Hollis, ofisa wa serikali ya kikoloni aliyechapisha kitabu chake kuhusu Wanandi mwaka 1909, anaeleza kwamba kikosi hakikwenda vitani bila idhini ya Orkoiyot. Viongozi wa kikosi walipewa rungu lililopakwa dawa yake, likatangulia mbele ya vijana. Wakirudi na ng'ombe, fungu moja lilikuwa lake. Msomaji wa haraka ataona hapo kifaa cha kichawi kilekile cha kwenye mchezo: dawa imepakwa, nguvu imeingia, adui atashindwa. Lakini hebu tufuate njia ya rungu hilo. Linatoka kwa mtu wa ukoo mmoja, Talai. Linapokewa na viongozi waliokwenda kumwomba idhini. Linabebwa mbele ya vijana wa rika moja, ambao wazee wao walikwisha kuzungumza na kukubaliana. Kila mkono uliolishika ulikuwa na sababu ya kulishika, na kila mmoja alijua rungu limetoka wapi. Ondoa watu hao wote, kinachobaki ni kipande cha mti kilichopakwa mafuta.

Ushahidi mzito zaidi ni wa mwaka 1890, na nashangaa kwamba hautajwi mara nyingi. Kimnyole arap Turukat, babake Koitalel, ndiye aliyekuwa Orkoiyot. Nchi ilikuwa imeandamwa na njaa na maradhi ya mifugo, na uvamizi mkubwa alioubariki ukaishia kwa vijana wengi kuangamia. Wanandi hawakungoja. Walimlaumu Orkoiyot wao, wakamuua kwa marungu. Mtu aliyetoa nguvu za vita, ambaye hata leo hutajwa kwa utabiri wake wa nyoka wa chuma, yaani reli, hakuokolewa na fimbo yoyote siku ambayo waliompa heshima waliiondoa. Hapo ndipo tunapoona mamlaka ya fimbo yalikuwa wapi. Yalikuwa dhamana, na dhamana huvunjika. Mauaji hayo pia ndiyo yaliyouleta Utalai huku kwetu: wana wa Kimnyole walitawanyika, na Kipchomber arap Koilegen akaja kwa Wakipsigis wa Kericho na Bomet, akawa Orkoiyot wao. Kwa hiyo fimbo za Koitalel ni jambo la Kericho na Bomet pia, si la jirani tu.

Oktoba 19, 1905 ndiyo siku ambayo wazo la kifaa chenye nguvu zake lilipambana na wazo la dhamana. Koitalel alikuwa ameongoza upinzani wa Wanandi kwa takriban miaka kumi, reli ikipita kwenye nchi yake na nyaya za telegrafu zikikatwa na kugeuzwa mapambo. Meinertzhagen, ofisa wa King's African Rifles, alimwita kwenye mazungumzo ya amani huko Ket Parak, katika milima ya Nandi. Kilichofuata kina simulizi mbili. Shajara ya Meinertzhagen, iliyochapishwa mwaka 1957, inadai kwamba Koitalel alimvuta alipompa mkono, silaha zikaanza kurushwa, ndipo akafyatua risasi kujiokoa. Simulizi ya Wanandi inasema Koitalel alikuja kwa amani na akapigwa risasi akisalimiana. Uchunguzi wa jeshi ulimsafisha ofisa huyo, lakini mwaka 1906 wakubwa wake walimwondoa Kenya hata hivyo, jambo ambalo ni gumu kulieleza kama waliamini kwa moyo wote kwamba hakuwa na hatia.

Nani aaminiwe? Kwa muda mrefu vitabu vilimfuata Meinertzhagen, kwa sababu yeye ndiye aliyeandika. Lakini mwandishi huyo ana rekodi. Katika miaka ya 1990 wataalamu wa ndege walithibitisha kwamba alikuwa ameiba vielelezo vya ndege kutoka makumbusho na kuvibandika maelezo ya uongo, akivifanya vyake. Mwaka 2007 Brian Garfield alichapisha kitabu kizima kinachochambua uongo uliojaa katika maisha yake. Mtu anayebadilisha kibandiko cha ndege aliyekufa ili apate sifa hana haki ya kuaminiwa peke yake kuhusu mtu aliyemuua. Zaidi ya hapo, shajara yake mwenyewe inaonyesha kwamba kabla ya siku hiyo alikuwa amekwisha kuamua kumkamata Koitalel au kumuua. Mimi naipima simulizi ya Wanandi kuwa ndiyo iliyo karibu na ukweli, na sioni kwa nini magazeti yetu yaendelee kuziweka simulizi hizi mbili kwenye mizani kana kwamba zina uzito sawa.

Baada ya risasi, Meinertzhagen aliokota fimbo. Kwa kanuni za modi, hapo ndipo nguvu zingehama: aliyeokota ndiye mwenyewe. Serikali nayo ilifikiri vivyo hivyo kwa namna yake, kwamba ukimwondoa mtu na vifaa vyake, umeondoa nguvu. Kikosi kikubwa kikaingia Nandi, Wanandi zaidi ya 1,000 wakauawa na ng'ombe kwa maelfu wakatekwa. Lakini fimbo zilipokuwa Uingereza hazikumpa yeyote utii wa Mnandi hata mmoja, na Wanandi hawakupoteza uongozi wao kwa kuzikosa. Mwaka 1923, miaka 18 baadaye, serikali iliogopa mkutano wa sherehe ya rika moja kukabidhi uongozi kwa jingine kiasi cha kumkamata Barsirian arap Manyei, mwana wa Koitalel, na kumweka kizuizini hadi mwaka 1964. Barsirian hakuwa na fimbo za babake. Alikuwa na watu waliokuwa tayari kumsikiliza, na hilo ndilo lililotisha.

Upande wa Wakipsigis mambo yalikwenda hivyohivyo. Mwaka 1914 Koilegen na ndugu zake walihamishwa. Shule ya serikali ya Kabianga ikafunguliwa mwaka 1925, katika miaka ileile ambayo Brooke Bond na James Finlay walikuwa wakipanda chai kwenye ardhi iliyotwaliwa, na bado Talai waliobaki walionekana tishio. Mwaka 1934 ikatungwa sheria maalumu ya kuwaondoa, na karibu watu 700, watoto na vikongwe wakiwamo, wakapelekwa Gwassi, kando ya Ziwa Victoria, kwenye joto na malaria ambayo watu wa milimani hawakuizoea. Walirudi miaka ya 1960 ilipokuwa ikianza, wakakuta hawana pa kurudi. Kilichofuata ni madai, kamati na barua: wataalamu wa Umoja wa Mataifa wameandika, na mwaka 2022 kesi ilipelekwa katika Mahakama ya Ulaya ya Haki za Binadamu.

Kuna wenye kupinga. Wa kwanza atasema mchezo ni mchezo, na hakuna mtoto atakayejifunza historia kutoka kwa pikseli 256. Sikubali. Anayecheza saa mbili kila jioni anajifunza jambo kuhusu nguvu, hata kama hakuna aliyekusudia kumfundisha: kwamba nguvu hukaa ndani ya kitu, na mwenye kukipata haulizwi. Wa pili, anayezijua modi vizuri, atanikumbusha kwamba Blood Magic inadai malipo, kwani mchezaji hujichoma kisu mbele ya madhabahu na uhai wake mwenyewe hupungua. Ni kweli, na ndiyo maana naiona kuwa ya maana kuliko nyingine. Lakini hata hapo hesabu ni kati ya mtu mmoja na madhabahu yake. Hakuna mahali ambapo jirani anaulizwa, wala ambapo kundi linaweza kusema hapana.

Pingamizi la tatu ni zito zaidi, na huku linatoka vinywani mwa waumini wa dhati: kwa nini tuamshe mambo ya Talai, ukoo ambao wengi waliuogopa? Hofu hiyo haikuwa ya kubuni. Serikali ilipotunga sheria ya 1934 iliorodhesha vitisho na wizi wa mifugo, na ingekuwa si haki kudai kwamba kila mtu wa Talai alikuwa mtakatifu. Ila sheria ile haikumshtaki mtu kwa kosa alilotenda. Ilihamisha ukoo mzima, pamoja na mtoto mchanga, kwa sababu iliamini nguvu mbaya imo ndani ya damu yao. Mkristo wa Bomet anayekataa kuamini kwamba mti uliopakwa dawa una uwezo wake wenyewe anapaswa kuwa wa kwanza kuikataa imani hiyo ya serikali, maana ni ileile. Na kumweleza mtoto jinsi mababu walivyompa mtu mamlaka, kisha wakayaondoa mwaka 1890, si kumfundisha ibada.

Kitaalamu, fimbo ya namna nyingine inawezekana kuundwa. Seva ya Minecraft yenye wachezaji kumi inaweza kuhesabu ni wangapi wamekubali safari fulani, na fimbo ikabaki ubao mtupu mpaka idadi itimie. Akiiokota mgeni, isifanye chochote. Safari ikishindwa, walioikubali waweze kumvua mwenye fimbo. Programu kama MCreator zimemwezesha hata asiyejua kuandika msimbo kutunga modi, na Chuo Kikuu cha Kabianga, kilichopewa hati mwaka 2013, kimezungukwa na mashamba yaleyale ya chai yaliyomo kwenye kisa hiki. Kazi kama hii inakifaa kabisa. Lakini kabla ya kuchora nukta ya kwanza ipo sheria ya Kenya ya mwaka 2016 ya kulinda maarifa ya jadi na tamaduni, inayodai idhini ya jamii yenye mali hiyo kabla mtu mwingine hajaitumia. Idhini hiyo haiwezi kutolewa na makumbusho wala na kaunti peke yake. Itabidi iombwe kwa familia za Talai, nyingi zikiwa bado hazina ardhi pembezoni mwa mji wa Kericho, na ziombwe zikiwa na uhuru wa kukataa. Zikikataa, modi hiyo isitungwe.