Kamera Inyamaze, Watu Wabonge: Dokumentari za Kutazama ni Nini?

Hii ni ile dokumentari haina sauti nzito ya msimulizi, haina mtaalamu amekaa kwa kiti akikufafanulia maisha. Kamera inakaa na watu miezi, hata miaka, hadi waizoee. Nani mbaya, nani mzuri? Unaamua mwenyewe.

Ilitoka wapi?
Ilishika miaka ya 1960, kamera za begani zilipokuja. Siku hizi jina kubwa ni Wang Bing wa Uchina. Kuanzia 1999 alizunguka na kamera ndogo ya dijitali kwa viwanda vya Tie Xi, mjini Shenyang, vikifungwa na wafanyakazi wakibaki bila kazi. Filamu yake, Tie Xi Qu, ni zaidi ya saa 9. Ndio, 9.

Na Kenya?
Tuko nazo, na moja iko hapo tu juu ya Nax. Pita Subukia, ukifika Nyahururu tayari uko Laikipia. The Battle for Laikipia, ya Peter Murimi na Daphne Matziaraki, ilionyeshwa mara ya kwanza Sundance, Marekani, Januari 2024.

Kwa habari, Laikipia hupewa dakika mbili: ng'ombe wameibiwa, watu wamepigwa risasi, basi. Hii filamu inakaa na wafugaji Wasamburu wakisaka nyasi wakati wa ukame, halafu inavuka ua na kukaa na Wakenya wazungu wenye maranchi. Hiyo beef ni ya kitambo: mkataba wa 1904 ulipeleka Wamaasai Laikipia, wa 1911 ukawatoa tena ili masetla wachukue ardhi. Ukishakaa kwa boma na kwa ranchi, kusema "hao ndio shida" inakuwa ngumu.

Cheki pia Softie ya Sam Soko (2020). Inamfuata Boniface Mwangi akisaka kiti cha Starehe 2017, na unaona vile familia yake inalipia hiyo siasa.

Noma iko wapi?
Kwanza, "kutoingilia" si kweli kabisa. Anayehariri ndiye anachagua uone nini. Pili, aliye mbele ya kamera ndiye hubaki mtaani filamu ikitoka. I Am Samuel ya Murimi, kuhusu mwanaume shoga na familia yake, ilipigwa marufuku na KFCB Septemba 2021. Ruhusa ya siku ya kwanza haitoshi. Uliza tena na tena.

Unataka kujaribu?
Simu yako inatosha. Chagua sehemu moja, omba ruhusa, kaa. Ukienda Gioto dakika tano, utarudi na picha za takataka. Ukikaa mwezi, utajua nani huokota plastiki, nani huinunua, na nani hupanga bei. Hapo sasa uko na stori.