Kichwateli: Filamu fupi ya mtoto mwenye TV badala ya kichwa

Mtoto anatembea peke yake kwenye mitaa ya mabanda. Mwili ni wa binadamu, lakini juu ya shingo kuna televisheni, tena imewashwa. Hiyo ndiyo Kichwateli, filamu fupi ya Kenya ya mwanzoni mwa miaka ya 2010, iliyoongozwa na Muchiri Njenga, maarufu pia kama Bobb Muchiri.

Inahusu nini?

Jina limeunganisha kichwa na teli, yaani televisheni. Hadithi inakwenda kama ndoto: mtoto anatoka mabandani, anaingia mjini, anashangaa kila kitu. Mada ni kile ambacho vyombo vya habari vinakifanya kwa kizazi kipya.

Na TV haileti habari tu, inauza pia: soda, sabuni, simu, mikopo. Mtoto wa mabandani anaona vitu vilevile anavyoona mtoto wa tajiri, ila dukani hawana pesa sawa. Isitoshe, kichwa kikishakuwa skrini, hakina tena sikio la kumsikia jirani wala mdomo wa kuuliza swali.

Inatuhusu vipi?

Kenya ilianza kurusha TV mwaka 1962. Zanzibar ilifuata miaka ya 1970, lakini Tanzania Bara ilisubiri mpaka 1994, vituo binafsi kama ITV vilipoanza.

Kwenye senta nyingi za vijijini, TV ilikuwa ni kibanda umiza. Unalipa, unaangalia mechi au muvi, unatoka, unarudi nyumbani. Skrini inabaki kibandani.

Siku hizi iko mfukoni. Kijana wa Mkumbi, Mbinga, au wa kule Mbamba Bay mwambao wa Ziwa Nyasa, akiwa na bando anaona matangazo yaleyale ya kijana wa Masaki. Tofauti ni kwamba pesa ya kahawa inaingia kwa msimu, wakati tangazo linaingia kila siku, na la mkopo wa kwenye simu limo humohumo. Hapo ndipo wengi wanapokopa kwa mavuno ambayo bado yako mtini.

Ukiipenda

Tafuta pia Pumzi (2009) ya Wanuri Kahiu, filamu fupi nyingine ya Kenya. Hiyo inaonyesha watu wa siku zijazo wanaoishi wamefungiwa ndani, maji yakiwa bidhaa adimu.