Wali wa kunukia wa Tana, mwenzi wa mchuzi wa kambare

Msafiri atokaye Malindi kuelekea Lamu au Garissa hupitia njia panda ya Minjila, karibu na mji wa Garsen. Hapo nchi kavu ya vichaka huupisha ukanda wa kijani wa Mto Tana, wenye migomba, miembe na, mwaka wa maji ya wastani, mashamba ya mpunga. Katika vijiji vya Wapokomo vilivyo kandokando ya mto huo, wali ni zao la shamba la nyumbani kabla haujawa chakula cha wageni.

Jambo hilo husahaulika kwa urahisi. Maelezo mengi ya kupika wali wa kunukia humwagiza mpishi kwanza akanunue basmati dukani. Agizo lenyewe si baya, ila limewafanya wengi kuamini kuwa mchele usio na harufu yake wa asili haustahili kuandamana na mchuzi wa maana. Hilo ni kosa.

Harufu ya basmati, na ya pishori ya Mwea ambayo ni ya ukoo huo huo, hutokana na kemikali ile ile inayonukia katika bisi na katika ganda la mkate unaotoka motoni. Kemikali hiyo huruka hewani. Mchele ukikaa ghalani muda mrefu, au ukichemshwa kupita kiasi, harufu hufifia. Ndiyo sababu mchele wa aina hiyo hulowekwa nusu saa kabla ya kuinjikwa: hulainika mapema, ukakaa motoni kwa muda mfupi zaidi. Mchele mwingine hupokea harufu kutoka kwa mpishi, yaani kutoka kwa nazi, samli na viungo.

Mtindo wa kuandaa wali wa namna hiyo na kitoweo chenye mchuzi ni wa kale katika mwambao huu. Ibn Battuta, msafiri wa Morocco aliyefika Mogadishu na Mombasa mwaka wa 1331, alisimulia kuwa huko Mogadishu alikirimiwa wali uliopikwa kwa samli na kupakuliwa katika sinia kubwa la mti, pamoja na vitoweo vya kuku, nyama, samaki na mboga. Kando yake paliwekwa achari za ndimu, pilipili, tangawizi na embe. Mlo huo ungeletwa leo mbele ya mkazi wa Lamu au Kipini, asingeuliza ni kitu gani.

Kwa mkulima wa Tana, hata hivyo, swali la viungo hutanguliwa na swali la maji. Mto huo, ulio mrefu kuliko yote nchini Kenya kwa takriban kilomita 1,000, hufurika kwa mvua zinazonyesha mbali, kwenye miinuko ya Mlima Kenya na Aberdare. Wapokomo hupanda mpunga kwenye mabonde yanayoingiwa na maji hayo. Huko Ozi, karibu na Kipini, utaalamu ni wa aina yake: bahari ikijaa, huyasukuma maji matamu ya mto yakaingia mashambani, na ikipwa, maji hutoka. Mto ukipungukiwa na nguvu wakati wa ukame, maji ya chumvi hupanda badala yake, na mpunga hauwezi kuyavumilia.

Maji yakipungua ni hasara, yakizidi pia ni hasara. Mabwawa ya umeme ya sehemu za juu, likiwemo la Masinga lililokamilika mwaka wa 1981, yamebadilisha mwendo wa mafuriko ambayo wakulima walikuwa wameyazoea. Nao mradi mkubwa wa mpunga wa shirika la serikali la TARDA, ulioanzishwa katika delta hiyo kwa msaada wa Japani, uliharibiwa na mafuriko ya El Nino ya 1997 na 1998, ukakaa miaka mingi kabla ya kufufuliwa. Ukavu nao huwaleta wafugaji wa Orma na Wardei mtoni kutafuta malisho na maji. Ugomvi juu ya ardhi na mto huo ulichangia mapigano kati ya Wapokomo na Waorma yaliyozuka Agosti 2012 na kuendelea hadi mapema 2013, ambapo watu zaidi ya 100 waliuawa. Katika miaka ya amani, nafaka ya mkulima hubadilishana na maziwa ya mfugaji, na chungu kimoja cha wali huweza kuwa na mpunga wa mmoja na samli ya mwingine.

Mapishi yenyewe hayana siri. Kwa watu sita, vikombe vitatu vya mchele hutosha. Mchele wa kutwangwa nyumbani hupepetwa kwa ungo ili kuondoa pumba, kisha huchaguliwa chuya na mawe, kazi ambayo mpishi wa mjini ameisahau kwa sababu ya pakiti za dukani. Huoshwa mara tatu. Mchele mpya, uliovunwa karibuni, ungali na unyevu, kwa hiyo kikombe kimoja huhitaji kama kikombe kimoja na nusu cha maji au tui; mchele mkavu wa siku nyingi hutaka hadi viwili. Wali wa Tana huwa bokoboko mara nyingi kwa sababu mpishi ameupimia maji ya basmati kuukuu, kisha lawama akautupia mchele.

Nazi mbili hukunwa kwa mbuzi na kukamuliwa kwa maji ya uvuguvugu. Tui zito la kwanza, kama kikombe kimoja, huwekwa kando. Chicha hukamuliwa tena kupata tui jepesi, nalo ndilo linaloanza kuupika wali. Tui zito likichemka muda mrefu hukatika na kuunguza chini. Matui yote mawili yahesabiwe katika kipimo cha maji.

Vijiko viwili vya samli hupashwa moto, kikakaangwa kitunguu kimoja hadi kilainike bila kugeuka rangi. Hufuata iliki tano zilizopondwa kidogo, karafuu nne na kijiti kimoja cha mdalasini. Karafuu zikizidi, wali hunuka dawa. Bizari nyembamba iachwe, kwani ikiingia tu, sufuria imeshika njia ya pilau, na pilau haitaki mchuzi mzito wa kushindana nayo. Mchele hugeuzwa ndani ya samli kwa dakika mbili, tui jepesi na chumvi vikatiwa. Unapokaribia kukauka, tui zito humiminwa juu, sufuria ikafunikwa na kupaliwa makaa juu ya kifuniko, huku moto wa chini ukipunguzwa. Robo saa hutosha. Mwiko usiingie tena hadi uive, maana punje zikivunjwa zikiwa na maji hushikamana.

Kitoweo cha huko ni kambare au kamongo, samaki wa Tana wenye ladha ya matope ambayo ukwaju au ndimu huiondoa. Mchuzi wa ukwaju, nyanya na bizari huufaa sana wali huu wa nazi. Lakini ikiwa mchuzi wenyewe umeungwa kwa tui zito, nazi juu ya nazi huulemea mlo, ijapokuwa wapo wapwani watakaolipinga hilo kwa nguvu. Siku hiyo heri wali upikwe kwa maji, samli na iliki pekee.

Baada ya kuepuliwa, huachwa dakika kumi ukiwa umefunikwa, ndipo hupakuliwa kuanzia pembeni. Ukoko uliobaki chini, wenye rangi ya dhahabu na mafuta ya nazi, haufiki kwa wageni. Watoto huwa wamekwisha kuugawana jikoni.