Ruta za Zamani Ndani ya Laptopu

Agosti 2005, Mfaransa Christophe Fillot alianza kuandika programu aliyoiita Dynamips. Wakati huo Bariadi ilikuwa wilaya ya Mkoa wa Shinyanga, nchi ya pamba na ng'ombe, na ruta ya Cisco aina ya 7200, mashine inayoelekeza data kati ya mitandao, haikuwa kitu cha kijana kununua akaweka chumbani. Fillot aliiga prosesa ya ruta hiyo ndani ya kompyuta ya kawaida. Faili lenye mfumo wake, ambalo mafundi huliita imeji, likawaka bila kubadilishwa hata herufi.

Tatizo lilikuwa ulafi. Ruta isiyo na kazi huzunguka tu ikisubiri, na kwa kuwa Dynamips iliuiga hata mzunguko huo, ruta moja ilimeza nguvu yote ya kompyuta. Dawa ikawa kuitafutia kila imeji namba inayoonyesha mahali inapozunguka bure, ili programu ipumzike hapo. Baadaye programu ya GNS3 ya Jeremy Grossmann ikaleta michoro: unaburuta ruta, unaziunganisha kwa nyaya za kwenye kioo.

Simiyu, yenye Bariadi ndani yake, ikawa mkoa 2012, mwaka uleule Wakala ya Serikali Mtandao ilipoanza kazi. Mkoa mpya ni ofisi mpya, na kila ofisi inataka mtu anayejua data inapita wapi. Kwa anayejifunza nyumbani Bariadi, Maswa au Lamadi, ndipo imeji kongwe zinapoonyesha thamani yake. Ruta ya 3725 hutosheka na MB 128 za kumbukumbu. Laptopu ya mtumba yenye GB 4 hubeba kumi. CSR1000v, ruta ya Cisco ya programu iliyokuja baadaye, huweza kudai GB 4 peke yake. Na somo halijachakaa: toleo la OSPF, lugha ya ruta ya kuelezana njia, linalofundishwa kwa IPv4 liliandikwa 1998, na bado ndilo linaloendesha mitandao mingi.

Lakini imeji za Cisco ni mali yenye leseni. Kuzigawa kwa flashi darasani ni kosa, na mwalimu anayefanya hivyo anamfundisha mwanafunzi wizi pamoja na ruta. Badala yake ipo FRRouting, programu ya ruta ya bure kabisa. Ipo pia CHR, ruta ya programu ya MikroTik, ambayo bila malipo hutoa Mbps 1 kwa kila mlango, kasi inayotosha mazoezi. Imeji kongwe zina pia matundu ya usalama yasiyozibwa tena, kwa hiyo zisiunganishwe kamwe na mtandao wa ofisi au hospitali.

Kwa swichi, vifaa vinavyounganisha kompyuta ndani ya mtandao mmoja, Dynamips haifiki mbali. Swichi za Cisco hutegemea chipu maalumu ambazo haikuziiga. Inayo moduli ya NM-16ESW tu, yenye milango 16 na uwezo mdogo. Anayetaka kuzijua swichi vizuri atafute moja halisi ya mtumba.